Lile Si Tabasamu

Ndani ya filamu ya Better Man, mwimbaji Robbie Williams ni sokwe. Sio fumbo la mazungumzo tu. Ni sokwe mwenye manyoya, masikio yaliyochomoza na mikono mirefu. Analelewa na nyanya yake akiwa sokwe, anaingia bendi ya Take That akiwa sokwe, anavuta kokeini akiwa sokwe, anaachwa na mchumba akiwa sokwe, na kwa zaidi ya saa mbili hakuna mtu hata mmoja ndani ya filamu anayeuliza. Michael Gracey, mwongozaji, alilipata wazo hilo kwa kumsikiliza Williams, ambaye alikuwa akijieleza kama nyani anayechezeshwa mbele za watu. Gracey akayachukua maneno hayo vile yalivyo. Kampuni ya Wētā FX ikamvisha mwigizaji Jonno Davies ngozi ya kompyuta, dola zaidi ya milioni 100 zikaenda, filamu ikatoka mwishoni mwa 2024, ikateuliwa kwa tuzo ya Oscar kwa ufundi wa picha, na pesa haikurudi.

Niliitazama hapa Mutuini, laptopu ikiwa juu ya kreti ya soda, pamoja na binamu yangu ambaye yuko mwaka wa pili chuoni. Nusu saa ikapita akauliza, "Brathe, kwani hawaoni huyu ni sokwe?" Nikamwambia hapo ndipo ilipo pointi. Akanyamaza, akatafuna njugu, halafu: "Sasa ingekuwa ni msanii wetu?"

Nimekaa na hilo swali wiki kadhaa.

Kwanza niwe mkweli, filamu ni nzuri. Ile ngoma ya Rock DJ, wanapofunga mtaa wa Regent jijini London na kuujaza wacheza dansi, ni kati ya vipande vya muziki vilivyopangwa vizuri zaidi nilivyoona miaka hii. Na ule uso wa sokwe unafanya kazi ambayo uso wa mwigizaji wa kawaida haungeweza. Filamu nyingi za maisha ya wanamuziki zinatuweka katika kazi ya kulinganisha: je, wamefanana? Hapa hulinganishi chochote. Unabaki na macho tu, na aibu iliyo ndani ya macho hayo. Kwenye tamasha la Knebworth anapoangalia umati na kuona humo sokwe wengine, wote ni yeye mwenyewe, wote wanamchukia, niliacha kukumbuka kwamba ni kompyuta.

Lakini ukiiangalia mara ya pili utagundua kitu: hakuna sokwe humo ndani. Kuna manyoya. Hakuna hata kitendo kimoja ambacho sokwe wa kweli angekifanya, na si kwamba waliotengeneza hawajui, maana kampuni hiyo hiyo ndiyo iliyomtengeneza Caesar wa Planet of the Apes tangu 2011. Walichokopa ni umbo la mnyama anayefunzwa kuchekesha, kwa sababu kila mtazamaji analielewa bila kuelezwa. Tunalielewaje? Nani alitufundisha? Hapo ndipo kuna deni ambalo filamu hailitaji.

Chukua chai. Kuanzia 1956 hadi 2002, matangazo ya PG Tips kwenye televisheni ya Uingereza yaliigizwa na sokwe. Sokwe wamevaa kofia na magauni, wanabeba piano ngazini, wanamiminiana chai, na sauti za watu zimewekwa juu. Peter Sellers ni mmoja wa waliotoa sauti mwanzoni. PG Tips ilikuwa ya Brooke Bond, na Brooke Bond tunaijua sisi: iko Kenya tangu miaka ya 1920, na majani ya chai ya Kenya yamekuwa sehemu ya mchanganyiko ule. Kwa hiyo mtu wa Kericho anachuma kwa kilo, majani yanapanda meli, na upande wa pili wa bahari anayeyauza ni mtoto wa sokwe aliyevalishwa aproni. Katika mlolongo mzima huo wawili wametoka bara hili, na hakuna kati yao aliyewahi kuandikiwa mstari wa kusema.

Wazo lenyewe lilitoka kwa bustani ya wanyama ya London, ambayo kuanzia 1926 hadi 1972 iliwaandalia wageni karamu za chai za sokwe. Inasimuliwa kwamba wale sokwe walijifunza adabu za mezani haraka mno. Walikaa, wakasubiri zamu, wakanywa kwa kikombe. Watu hawakucheka. Ikabidi wafunzwe upya, safari hii kumwaga na kurusha vitu. Kwangu hii ndiyo hadithi yenye maana zaidi katika historia yote ya burudani hii, kwa sababu inafichua kanuni ya mchezo. Mtazamaji hakuja kuona mnyama akiweza. Alikuja kumwona akijaribu kuwa mtu na kushindwa, ili arudi nyumbani akiwa na uhakika wa cheo chake. (Jaribu kufikiria ni wangapi wametufanyia hivyo kwa Kiingereza chetu.)

Halafu kuna lile tabasamu. Sokwe wa kwenye posta, kwenye kadi za siku ya kuzaliwa, kwenye vile vistika vya WhatsApp, midomo imevutwa nyuma, meno ya juu na ya chini yote nje. Tunasema anacheka. Wanaowachunguza sokwe wameeleza kwa miaka mingi kwamba huo ni uso wa hofu. Sokwe anayecheza kwa raha hufungua mdomo akiwa amelegea, na mara nyingi meno ya juu yanabaki yamefunikwa na mdomo. Tabasamu lile pana la matangazo ni mnyama aliyeogopa, au aliyefunzwa kuuvaa uso wa woga akipewa ishara. Ham, sokwe kutoka Cameroon ambaye Wamarekani walimrusha angani tarehe 31 Januari 1961, alipigwa picha ya namna hiyo baada ya kushuka. Magazeti yakaona furaha. Jane Goodall alipoiona akasema hajawahi kuona woga mkubwa namna ile kwenye uso wa sokwe.

Goodall, kwa wasiojua, alianzia Nairobi. Alifika Kenya 1957, akaajiriwa na Louis Leakey kwenye jumba la makumbusho, na Leakey ndiye aliyempeleka Gombe, Tanzania, mwezi Julai 1960. Leakey alizaliwa Kabete mwaka 1903. Kabete si mbali na hapa. Yaani elimu iliyotufundisha kuusoma uso ule ilipita karibu na mlango wetu, na bado kistika kinatumwa kila asubuhi kwenye grupu ya familia.

Hata waliovalishwa nguo ni watoto. Watu wengi hawalijui hili. Sokwe mzima ana nguvu ambazo mkufunzi hawezi kuzishika, kwa hiyo kazi ya jukwaani huisha akiwa na miaka kama 7 au 8, na anaweza kuishi hadi 50 na zaidi. Ile miaka mingine yote, anaishi wapi? Mfululizo wa Chimp Crazy wa HBO, wa 2024, unalijibu kwa mfano mmoja. Tonka, aliyeigiza kwenye filamu ya Buddy mwaka 1997, alitangazwa kuwa amekufa wakati mahakama inataka apelekwe kwenye hifadhi, kisha 2022 akapatikana hai ndani ya chumba cha chini cha nyumba ya mtu huko Missouri. Mfululizo wenyewe sikuupenda sana. Unampenda mno yule mwanamke aliyemficha, unarudi tena na tena kwa midomo yake na nywele zake, na Tonka anabaki mgeni kwenye hadithi yake. Ni sarakasi ileile, ila kwa kamera ya bei.

Filamu ninayoiheshimu ni Nope ya Jordan Peele, ya 2022. Wengi waliiona kama muvi ya kitu cha angani. Lakini inaanza na studio ya televisheni: kiatu kimesimama wima kwa njia isiyoeleweka, sofa, na sokwe mwenye kofia ya siku ya kuzaliwa, mikono yake imejaa damu. Anaitwa Gordy. Ni nyota wa kipindi cha vichekesho cha 1998. Baluni limepasuka, naye ameshtuka, na ndani ya dakika chache amewaumiza waigizaji wenzake. Mtoto anayeitwa Jupe amejificha chini ya meza akiangalia yote. Gordy anamfikia, anamnyooshea ngumi waigonganishe kama wanavyofanya kwenye kipindi, na kabla hawajagusana risasi inampata.

Peele hatuambii Gordy alikuwa anafikiria nini. Hampi sauti juu ya picha, hampi muziki wa huzuni, hamgeuzi kuwa shujaa wala jini. Hata ile ngumi hujui kama ni upendo au ni zoezi tu alilofunzwa. Miaka ikipita, Jupe amekuwa mtu mzima anayemiliki kijimji cha utalii, na ana chumba cha siri chenye vitu vya siku ile, anatoza watu kuingia. Akiulizwa ilikuwaje, hasimulii alichokiona. Anasimulia jinsi kipindi fulani cha vichekesho kilivyoigiza tukio lile baadaye, na anasimulia akicheka. Ile sura ya mtu anayecheka huku macho yamekwama kwingine, ukishaijua sura ya sokwe wa matangazo, utaitambua mara moja. Huyo mtoto alifunzwa studio ileile na Gordy.

Filamu hiyohiyo inatukumbusha mpanda farasi Mweusi aliyeonekana kwenye picha za mwendo za Eadweard Muybridge karne ya 19. Jina la mpigapicha tunalo. La mpanda farasi, hapana. Peele anawaweka wawili hao, farasi na mpanda farasi, karibu na Gordy, na hasemi kwamba ni kitu kimoja. Anaacha wakae karibu tu. Huo ujasiri Better Man haina.

Sasa nirudi kwa swali la binamu yangu. Ingekuwa msanii wetu?

Septemba 1906, bustani ya wanyama ya Bronx, New York, ilimweka Ota Benga, kijana kutoka misitu ya Congo, ndani ya nyumba ya nyani, pamoja na orangutangu. Watu walikuja kwa maelfu. Wachungaji Weusi wa jiji wakapinga mpaka akatolewa. Alijiua mwaka 1916. Sio hadithi ya zamani sana ukihesabu vizazi. Na ukitaka iliyo karibu zaidi, fungua mechi yoyote ya mpira ya Ulaya ambapo mchezaji Mweusi amerushiwa ndizi. Kwa hiyo ndiyo, kuna watu wanaoweza kulipa mamilioni ya dola ili waonekane sokwe, na kuna watu ambao wameitwa hivyo bure. Williams anaivaa ngozi ile na kuivua. Mwisho wa filamu anaimba My Way ndani ya Royal Albert Hall na ukumbi unasimama. Unyenyekevu wake una bima.

Ningeishia hapo kama nisingekumbuka kwamba msanii wetu, kwa maana pana ya neno wetu, ameshaivaa. Mwaka 1917 Franz Kafka alichapisha hadithi fupi ambayo sokwe aitwaye Rotpeter anatoa hotuba mbele ya wasomi. Alipigwa risasi na kukamatwa Pwani ya Dhahabu, Ghana ya leo, na msafara wa kampuni ya Hagenbeck. Melini, ndani ya kizimba ambacho hawezi kusimama wala kukaa vizuri, anaanza kuwaiga mabaharia: kusalimiana kwa mkono, kutema mate, kuvuta kiko, kunywa pombe kali. Wakifika Hamburg anaona njia mbili mbele yake, bustani ya wanyama au jukwaa la burudani, lile la leo mwimbaji kesho mwanasarakasi. Anakimbilia jukwaa. Anaeleza kwa utulivu kwamba uhuru haukuwa kwenye hesabu zake. Alitafuta upenyo tu.

Hagenbeck alikuwa mtu wa kweli, mfanyabiashara wa wanyama, na tangu miaka ya 1870 alikuwa akileta pia watu kutoka nchi za mbali kuonyeshwa Ujerumani. Kafka anaitaja kampuni yake na kuendelea mbele, msomaji wake alijua. Huko Afrika Kusini mwongozaji Phala Ookeditse Phala aliigeuza hadithi hiyo kuwa mchezo wa jukwaani, Kafka's Ape, na anayemwigiza Rotpeter ni Tony Miyambo, peke yake. Mwili wa mwanamume Mweusi, mbele ya watu waliolipa, akieleza kwa lugha safi kabisa jinsi alivyojifunza kuwafurahisha. Hakuna Wētā. Hapo hakuna aliyeketi ambaye anaweza kujifanya haoni. Hilo ndilo jibu nililompa binamu yangu, siku mbili baadaye kwenye foleni ya matatu, na akaniambia, "Sasa hiyo ndiyo naweza kulipia."

Mimi pia. Lakini hata hiyo, kama Better Man, inamtumia sokwe kuzungumzia mtu. Rotpeter ni fumbo zuri kuliko yote, na ni fumbo. Kiswahili chenyewe kinatusukuma huko: tunamwita sokwe mtu, kana kwamba tumeshamwandikisha. Mwaka 2008 watafiti waliandika kwenye jarida la Science kwamba Wamarekani waliohojiwa hawakujua sana kuwa sokwe wako hatarini kutoweka, ukilinganisha na gorila na orangutangu, na sababu kubwa waliyotoa ni kwamba wanawaona kila mara kwenye televisheni, matangazo na filamu. Kuonekana sana kumewaficha.

Kenya haina sokwe wa porini. Walioko hapa wako Sweetwaters, ndani ya Ol Pejeta kule Laikipia, hifadhi iliyofunguliwa 1993 kupokea sokwe waliotoka Burundi vita vilipoanza. Miongoni mwa walioletwa katikati ya miaka ya 1990 ni Poco. Huyu hakuwa na jukwaa, hakuwa na kofia. Mfanyabiashara mmoja wa Bujumbura alimweka kwa miaka ndani ya kizimba chembamba kilichoning'inizwa ili avute wateja, na kizimba kilikuwa chembamba kiasi kwamba alilazimika kusimama. Kwa hiyo huko Laikipia, kwenye nyasi, na nafasi yote ile, Poco alitembea kwa miguu miwili mara nyingi kuliko wenzake. Ni rahisi kucheka ukimwona. Anatembea kama mzee anayeenda kuulizia pensheni. Kizimba kilikaa Bujumbura na umbo lake likasafiri ndani ya mgongo wa mnyama. Hakuna filamu niliyoitaja ambayo imefika hapo.

Na kuna Rubondo. Ni kisiwa cha Tanzania, kusini-magharibi mwa Ziwa Victoria. Kati ya 1966 na 1969, Bernhard Grzimek na shirika la wanyama la Frankfurt waliwashusha pale sokwe 17 waliotoka kwenye bustani za wanyama na sarakasi za Ulaya, wengi wao wakiwa wamezaliwa Afrika Magharibi na kukamatwa wakiwa wachanga. Hawakufunzwa chochote kabla ya kuachiliwa. Wengine walikuwa wamekaa kifungoni miaka. Unaweza kuwawazia, mmoja aliyejua kuendesha baiskeli, amesimama ufukweni na msitu mbele yake. Walijifunza wenyewe tunda lipi linaliwa. Walijifunza kujenga viota vya kulala juu ya miti. Wakazaana, na leo ni makumi kadhaa.

Wajukuu wao hawakutaka tena kuonekana. Kwa miaka mingi mgeni aliweza kulipa kiingilio, kupanda boti, kutembea na askari wa hifadhi kutwa nzima, akasikia sauti mbali kidogo, akaona viota vya jana, maganda ya matunda chini, na akarudi kambini jioni bila kuwa amemwona hata mmoja.